Hobi yangu ya kutazama nyota imekuwa mahali pa kumkwepa mume wangu

NyotaBadilifu

Salaam kwenu wote. Swali naliweka mbele ili asiye na muda asihangaike kusoma yote: hobi ikishageuka njia ya kumkwepa mwenzako wa ndoa, unaiacha hobi, unaiacha ndoa, au ipo njia nyingine ambayo mimi siioni?

Sasa maelezo. Natazama nyota. Nina darubini ya kioo, ya zile zinazokaa juu ya kitako cha mbao kinachozunguka, mtindo ulioenezwa na John Dobson. Nilianza kwa kumtafutia mwanangu kitu cha kufanya wakati wa likizo. Mtoto akaziona pete za Zohali mara moja, akaridhika, akarudi kwenye mambo yake. Mimi nikabaki pale pale. Aliyewahi kuiona Zohali kwa jicho lake mwenyewe, si pichani, anajua nasema nini: iko pale, ndogo, imekamilika, na mwili wote unasisimka.

Baadaye nikahamia kwenye nyota badilifu, zile ambazo mwangaza wake unapanda na kushuka, na zaidi ya zote Algol katika kundinyota la Perseus. Kila baada ya siku 2, saa 20 na dakika 49 inafifia, kwa sababu ni nyota zinazozungukana na ile hafifu hupita mbele ya ile angavu. Wazo kwamba huenda kuna kitu kinachoikinga lilitolewa mwaka 1783 na kijana kiziwi, John Goodricke, akiwa bado hajatimiza miaka 20. Ninalo daftari la makadirio yangu ya mwangaza wa Algol, na ninalipenda daftari hilo. Kazi hii naipenda kwa dhati. Naomba hilo lieleweke kabla sijasema lingine.

Ndoa yangu je? Hatugombani. Hanipigi, hanitukani, wala hajawahi. Watoto hawakosi kitu. Ila hatusemeshani. Neno lake kwangu linapitia kwa mtoto: "Mwambie mama yako kesho nitachelewa," na mimi nimesimama hapo hapo nakunja nguo. Tukiwa na watu nikatoa jibu la jambo, anamgeukia mwingine na kuuliza lile lile nililokwisha kulijibu. Hakuna hata moja ninaloweza kulishika nikasema hili ndilo kosa. Ni kupuuzwa kidogo kidogo kwa miaka, na mimi nimeshajifunza kujibu kwa kunyamaza.

Kilichonishtua ni mawingu. Kilipita kipindi kirefu anga limefunga. Mtazamaji yeyote hukerwa na mawingu, hilo ni la kawaida. Mimi niliingiwa na hofu. Jua likianza kushuka nasikia tumbo linakaza, nawaza tutakaaje humu ndani mpaka saa ya kulala. Mawingu yalipoondoka ukaingia mwezi mpevu, ambao nuru yake inafuta vitu vyote hafifu, na usiku huo hata Algol haikuwa na zamu ya kufifia. Nikatoka hivyo hivyo. Nikaibeba darubini nje, nikaiweka sawa, nikavuta kiti, nikakaa pembeni yake. Kifuniko cha mdomo wa darubini sikukitoa. Nilikaa mpaka taa ya chumbani ikazimwa, nikangoja tena mpaka nikajua ameshalala fofofo, ndipo nikarudisha kila kitu ndani kimya kimya. Na usiku huo haukuwa wa pekee.

Tangu hapo hata nikitazama kitu kweli, moyo hautulii. Naomba mawazo yenu, hasa kwa aliyepita njia hii.

Kioo_Kikuu

Dada, pole sana. Mimi umri umekwenda, na anga nimelitazama tangu wanangu wakiwa wadogo, kwa hiyo nitasema nawe kama mtazamaji mwenzako.

Usiiuze darubini. Nimeona watu wakishikwa na hali kama hii wanakimbilia kuuza vifaa, kana kwamba vifaa ndivyo vilivyoiharibu nyumba. Utauza, na jioni zitabaki zile zile. Utajificha kwenye kitu kingine, pengine kazini, pengine kwenye simu, pengine kwenye usingizi wa mapema, na hicho hutakipenda hata nusu ya unavyoipenda Algol.

Lakini hebu tuizungumze hiyo Algol kidogo, maana ndiyo iliyonifanya niandike. Inahitaji nini kwako? Inaonekana kwa macho matupu. Ikiwa kwenye hali yake ya kawaida uangavu wake ni 2.1, ikifika chini kabisa ni 3.4 (kwa wasiozoea: namba ikipanda, nyota imefifia), na safari nzima ya kushuka na kupanda inachukua kama saa 10. Unatoka, unailinganisha na nyota jirani ambazo uangavu wake unajulikana, unaandika namba na saa, unarudi ndani. Baada ya nusu saa unachungulia tena. Darubini haihitajiki, na kukesha nje hakuhitajiki. Umechagua nyota inayomruhusu mtu kukaa na watu wake sebuleni na bado akapata mchoro mzuri wa mwangaza.

Kwa hiyo zile saa zako za nje si za aina moja. Ziko saa za anga na ziko saa za kungojea taa ya chumbani izimwe. Zitenganishe. Za anga usimwombe mtu radhi kwa ajili yake, ni zako kwa haki kabisa. Hizo nyingine ndizo zenye swali lako.

Na je, umewahi kumwita? Nauliza tu. William Huggins na mkewe Margaret walioana mwaka 1875 wakachunguza nuru ya nyota pamoja kwa miaka mingi, majina yote mawili yakaandikwa kwenye kazi zao. Sisemi mumeo atakuwa hivyo. Mke wangu hana habari kabisa na galaksi. Lakini sayari ya Mshtarii ikipanda vizuri namwita aione ile miezi yake minne mikubwa inayoizunguka. Anatazama, anaguna, anarudi ndani. Mguno ule mimi unanitosha wiki nzima.

Kata_Mzizi

Dada, nitasema wazi. Mtu anayekusemesha kupitia kwa mtoto ameshakuacha, ila tu hajahama. Unangoja nini? Muone mwanasheria ujue haki zako, muachane kistaarabu, ukatazame nyota zako kwa amani. Watoto wanaona kila kitu, msidhani hawaoni.

NyotaBadilifu

Ahsanteni.

Mzee Kioo_Kikuu, ulivyozitenganisha zile saa umenifanya nilifungue daftari upya. Ni kweli. Ziko kurasa zenye makadirio mawili tu kwa usiku niliokaa nje hadi alfajiri. Nilikuwa najua, ila sikuwahi kuliweka kwa maneno. Na lipo la zaidi. Nimekuwa nikiitumia ratiba ya Algol kama udhuru. Tukialikwa kwa ndugu zake nasema siku hiyo nyota inafifia, siwezi kukosa. Hakuna anayeweza kubisha, maana hakuna mwingine anayeijua ratiba.

Kumwita, hapana. Nimejiuliza sana kwa nini, na jibu ni kwamba sitaki aje. Pale nje ndipo mahali pekee ambapo ninachosema hakipuuzwi. Nikiandika 2.9, ni 2.9, imeandikwa, haibadilishwi na mtu kwa kumgeukia mwingine. Akija akatazama na kunyamaza kama anavyonyamaza ndani, nitakuwa nimepapoteza na pale.

Kata_Mzizi, hilo la mtoto limenichoma kwa sababu ni kweli. La kuachana sijui. Ningekuwa najua nisingeuliza.

NiliyebakiNdani

Dada yangu, mimi niko upande wa pili wa hadithi yako. Mimi ndiye niliyekuwa ndani.

Mke wangu alikuwa na sataranji. Alicheza kwenye simu na watu asiowafahamu, usiku hadi usiku. Alikuwa hodari kweli, alisoma michezo ya mabingwa na kuichambua hatua kwa hatua. Mwanzoni nilijivunia. Kisha akaanza kuhama chumba ili asinisumbue na mwanga wa simu, ndivyo alivyosema, na mimi nikaitikia.

Ninachotaka ukijue ni jinsi inavyosikika kutoka ndani. Nilikuwa namsikia akicheka. Mpinzani akiingia mtegoni, anacheka kicheko kifupi, cha koo. Nilikijua kile kicheko, kilikuwa changu zamani, alikuwa akinicheka hivyo tulipokuwa wachumba nikisema upuuzi. Nikawa nalala nikikingoja kupitia ukutani. Sikuichukia sataranji. Niliionea wivu, kwa sababu ilikuwa inampata yule mtu niliyemuoa, na mimi nilikuwa napata aliyebaki baada ya yeye kuchoka.

Sikumwambia. Nilinuna. Nikawa namjibu kwa neno moja moja, na kwa kuwa nilikuwa namjibu hivyo, akazidi kukaa kule. Yeye akiulizwa leo atasema alihama kwa sababu ya kununa kwangu, na mimi nikiulizwa nitasema nilinuna kwa sababu ya kuhama kwake, na sote tutakuwa tunasema kweli. Tumeachana. Hatukugombana hata wakati wa kuachana, na hilo watu wanalisifu, ila mimi hadi leo naona tungegombana angalau mara moja kwa sauti.

Huenda mumeo si kama mimi. Huenda ni mtu wa dharau tu, basi. Lakini ile taa ya chumbani unayoingojea izimwe, jiulize kama kuna siku alikuwa anaiacha ikiwaka akikungoja wewe.

Mshauri_wa_Wawili

Kazi yangu ni kukaa na wenzi waliofika mahali kama hapa, kwa hiyo dada, kabla ya yote nakuuliza wazi: unamwogopa? Simaanishi kuchoka naye. Namaanisha kuogopa atakachokufanya ukisema neno. Kama jibu ni ndiyo, ushauri wa mazungumzo uliomo humu uuweke kando na utafute msaada wa usalama wako kwanza. Umeandika kwamba hajawahi kukupiga wala kukutukana, nami naendelea kwa kuamini hivyo.

Kuhusu hobi. Mwaka 2003 mwanasaikolojia Robert Vallerand na wenzake walieleza aina mbili za shauku. Ipo inayopatana na sehemu nyingine za maisha: unaifanya kwa kupenda, unaweza kuiweka chini, na ukiiweka chini unabaki mzima. Na ipo inayomtawala mtu: akiikosa anasononeka, akiifanya hana raha, anaendelea hata pale isipomletea kitu. Vipindi vyako vya anga safi naona ni vya kwanza. Yale mawingu, na kile kifuniko usichokitoa, ni vya pili. Hobi ni ile ile, kwa hiyo dawa haiko kwenye hobi.

Kuhusu ndoa. John Gottman, aliyetazama wenzi wakizungumza huku akipima hata mapigo ya mioyo yao, alitaja tabia nne zinazobomoa: kumshambulia mtu badala ya kulisema jambo, dharau, kujitetea kila mara, na kujenga ukuta wa kimya. Hapo kwako naona dharau kidogo na ukuta mrefu, na ukuta huo una wajenzi wawili. Watu wengi hawajui kwamba anayenyamaza mara nyingi moyo unamwenda mbio. Kwa nje anaonekana jiwe, ndani amefurika. Ndiyo maana Gottman hashauri mtu alazimishwe kuendelea kusema, anashauri wapumzike angalau dakika 20, kisha warudi. Hilo la kurudi ndilo linalokosekana kwenu. Kutoka nje si tatizo ukisema "natoka, nitarudi saa fulani, tuzungumze." Kutoka bila kusema ndiko kunakomwambia mwenzako kwamba hahitajiki.

La mtoto usilingoje. Halihitaji ruhusa ya mumeo. Akisema "mwambie mama yako", mwambie mtoto kwa upole, "nenda mwanangu, hii ni ya wakubwa," kisha mgeukie mumeo, umtazame usoni na umuulize: "Umesema kesho utachelewa?" Basi. Usiongeze lawama. Rudia kila inapotokea. Mtoto anayebeba maneno ya wazazi huanza kuchuja ayafikishe yapi na ayafiche yapi, na mzigo huo ni mkubwa mno kwake.

Na ukitaka kumwambia lile kubwa, anza na wewe, sema jambo moja tu ulilolifanya na sababu yake. Ukianza na "wewe huwa", umemfungia mlango kabla hajaingia.

NyotaBadilifu

Nimechelewa kurudi kwa sababu nilitaka nirudi na kitu.

Simwogopi. Ahsante kwa kuuliza, hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo.

La mtoto nilianza siku ile ile. Mara ya kwanza mume wangu alishtuka, akajibu "ndiyo" akitazama chini. Mtoto alisimama mlangoni akitutazama kwa zamu, kisha akakimbia kwenda kucheza, na nilivyoona anavyokimbia nikajua alikuwa amebeba nini.

Lile kubwa nililisema tukiwa kwenye gari, wawili tu. NiliyebakiNdani, maneno yako ndiyo yaliyonipa nguvu. Nikamwambia: "Nimekuwa natoka nje hata siku zisizo na cha kutazama. Nakaa tu. Nakaa kwa sababu siwezi kuvumilia kimya cha chumbani." Nilinyamaza hapo, kama nilivyoshauriwa, ingawa mdomo ulikuwa umejaa mengine.

Alikaa kimya muda mrefu. Kisha akasema, bila ukali wowote: "Najua. Mwezi mpevu huwezi kuona kitu, ulishawahi kumweleza mtoto. Nilikuwa najua unapotoka siku hizo." Halafu akasema: "Na mimi ukitoka huwa napumua."

Iliniuma jamani. Sitaki kusema haikuniuma. Nilikuwa nimejiandaa kwa kila kitu isipokuwa hilo. Miaka yote hii nilidhani mimi ndiye mwenye maficho, kumbe na yeye alikuwa anaitegemea darubini yangu, anaomba anga liwe safi kama mimi. Lakini lilikuwa neno la kweli, na aliniambia mimi, hakupitia kwa mtu. Nilimuuliza anapumua kutokana na nini. Akasema kila akikaa nami anahisi anasahihishwa, kwamba nikiandika namba zangu uso wangu unatulia na nikimgeukia yeye unakaza. Sikumjibu. Kulikuwa na la kujibu, ila niliona nikijibu tutarudi tulikotoka.

Mshauri, nikimpeleka kwa mtu wa tatu, kikao cha kwanza kinakuwaje? Amesema atakuja, ila amesema pia hana la kusema. Na mimi sijui kama naenda kuitengeneza ndoa au kuizika.

Mshauri_wa_Wawili

Dada, asiye na la kusema alikwishasema mazito mawili ndani ya gari moja. Usiogope hilo.

Kwa kawaida mshauri atataka kumsikia kila mmoja: mlianzaje, nini kimewaleta sasa hivi na si mwaka jana, kila mmoja anatumaini nini. Wengine huomba pia kukutana na kila mmoja peke yake. Hapaswi kuwa hakimu, na ukiona anatoa hukumu ya nani mkosaji siku ya kwanza, tafuteni mwingine.

Kwa hilo la kutengeneza au kuzika, huna haja ya kuingia ukiwa umeshakata kauli. William Doherty wa Chuo Kikuu cha Minnesota ameandaa utaratibu wa vikao visivyozidi 5 mahususi kwa wenzi ambao angalau mmoja hajui kama anabaki au anaondoka. Lengo lake ni kuona njia tatu kwa uwazi: kuendelea mlivyo, kuachana, au kujitoa kwa miezi 6 ya kazi halisi ya kuirekebisha ndoa huku suala la kuachana likiwekwa pembeni. Mweleze mshauri wenu tangu mwanzo kwamba hamjaamua, ili asije akaanza kuwafundisha namna ya kuzungumza wakati mmoja wenu bado ameshika kitasa.

Na hilo la "uso unakaza", ulifanya vizuri kutolijibu kwenye gari. Lipeleke huko.

Kata_Mzizi

Dada, nilikwambia umuone mwanasheria na bado naona si vibaya kujua haki zako. Ila huyo bwana aliyekuwa anahesabu siku za mwezi mpevu sikumtegemea. Nendeni kwenye hivyo vikao.

NyotaBadilifu

Tumeshapanga siku ya kikao cha kwanza.

Darubini inabaki. Tumekubaliana kitu kimoja kidogo: mwezi una mzunguko wa siku 29 na nusu, na tangu robo ya kwanza hadi siku chache baada ya kuwa mpevu, nuru yake inaniharibia jioni, kwa hiyo siku hizo darubini haitoki kabisa. Zinazobaki ni zangu, sitaulizwa. Mwaliko ukija sitaitaja tena Algol kama si zamu yake kweli, na kama sitaki kwenda nitasema sitaki kwenda.

Mzee Kioo_Kikuu, nimeanza kuchungulia kila nusu saa kama ulivyosema. Mchoro wa mwangaza umetoka vizuri, chini kabisa nilipata 3.4. Nikirudi ndani kati ya makadirio namkuta yuko macho. Siku nyingine tunaongea mambo ya shule ya watoto, siku nyingine hatuna neno na natoka tena nikimwambia nitarudi saa ngapi. Nikiwa na la kuwaeleza baada ya vikao nitaandika hapa.